Moyo wa Mwanamke Mbioni: Kwa Nini Hupiga Haraka Zaidi?

Mwalimu wa michezo awapangapo wanafunzi mstarini, akawazungusha uwanja mara mbili kwa mwendo mmoja, kisha akawataka wasimame na kuhesabu mapigo ya mioyo yao, hukuta jambo linalostahili kufikiriwa. Mvulana na msichana wa umri mmoja, waliokimbia bega kwa bega pasipo mmoja kumtangulia mwenziwe, kwa kawaida hawaleti hesabu moja. Ya msichana huwa kubwa zaidi, mara nyingi kwa mapigo kumi au kuzidi katika kila dakika. Jibu linalotolewa upesi uwanjani ni kwamba msichana ni dhaifu, au hana bidii. Jibu hilo ni la zamani, limewahi hata kutungiwa sheria, na si sahihi.

Sheria yenyewe ina historia yake. Tarehe 2 Agosti 1928, mjini Amsterdam, wanawake tisa walikimbia fainali ya mita 800, mbio ndefu kuliko zote walizopata kuruhusiwa hadi hapo katika Michezo ya Olimpiki. Lina Radke wa Ujerumani alishinda kwa dakika 2 na sekunde 16.8, ikawa rekodi ya dunia. Wa pili alikuwa Kinue Hitomi wa Japani. Wote tisa walimaliza. Baadhi yao walipovuka mstari walijitupa chini wakihema, kama wafanyavyo wanaume baada ya mbio hizohizo. Magazeti yakaandika mengine: mwandishi mmoja wa Marekani aliwahesabu wakimbiaji kumi na mmoja, akadai kwamba watano kati yao waliacha mbio njiani. Baada ya makelele hayo mbio hizo zikafutwa kwa wanawake, na kwa muda wa miaka 32, hadi michezo ya Rome ya mwaka 1960, hapakuwa na mwanamke aliyekimbia zaidi ya mita 200 katika Olimpiki. Mita 1,500 zilingoja hadi mwaka 1972. Marathoni ilingoja hadi mwaka 1984, Joan Benoit wa Marekani alipoimaliza kwa saa 2, dakika 24 na sekunde 52. Watu waliona kifua kikipanda na kushuka, wakakata shauri. Hawakuuliza kifua hicho kilikuwa kinafanya kazi gani.

Ili kulijibu swali hilo yafaa kuanza na hesabu nyepesi. Moyo ni pampu. Kiasi cha damu ambacho pampu hiyo inasukuma kwa dakika ni zao la mambo mawili: idadi ya mapigo, na ujazo wa damu inayotoka kwa kila pigo. Mtu mzima aliyetulia kitini, ambaye moyo wake hupiga mara 70 na kutoa mililita 70 kila mara, husukuma karibu lita 5 kwa dakika. Mwaka 1870 Adolf Fick, mwanafiziolojia wa Kijerumani, aliongeza jambo la tatu: oksijeni inayotumiwa na mwili ni sawa na damu iliyosukumwa mara kiasi cha oksijeni ambacho kila lita ya damu hiyo imekiacha kwenye tishu. Wanafunzi wa kidato cha tatu wanaweza kuuandika mlinganyo huo wenyewe, na ukishaandikwa siri kubwa ya mambo inakuwa imekwisha kufichuka.

Kwa wastani mwanamke ni mdogo wa umbo kuliko mwanamume, na moyo wake ni mdogo vilevile. Moyo wa mwanamume mzima huwa na uzito wa gramu 300 hivi; wa mwanamke hukaribia gramu 250. Chumba chake cha kushoto, kinachosukuma damu mwilini, hupokea damu kidogo zaidi kati ya pigo na pigo. Ichukuliwe kwamba wakimbiaji wawili wanahitaji kila mmoja lita 15 za damu kwa dakika ili kuendelea na mwendo wao. Ikiwa moyo wa mmoja hutoa mililita 110 kwa pigo, utapiga mara 136. Ikiwa wa mwenziwe hutoa mililita 90, hauna budi kupiga mara 167. Kazi ni moja, damu ni ileile; aliye na kata ndogo huchota mara nyingi zaidi. Hakuna aliyewahi kumwita mvivu mtu aliyejaza mtungi kwa kata ndogo.

Damu yenyewe pia inatofautiana. Oksijeni hubebwa na hemoglobini, yaani protini yenye madini ya chuma iliyomo ndani ya chembe nyekundu, na gramu moja ya hemoglobini huweza kushika takriban mililita 1.34 za oksijeni. Mwanamume mwenye gramu 15 za hemoglobini katika kila mililita 100 za damu hubeba mililita 201 za oksijeni kwa lita. Mwanamke mwenye gramu 13.5, ambacho ni kiwango kizuri kabisa kwake, hubeba mililita 181. Tofauti hii huanza kujitokeza wakati wa kubalehe, pale homoni ya kiume inapouhimiza uboho wa mvulana kutengeneza chembe nyekundu nyingi zaidi, na pale hedhi inapoanza kupunguza akiba ya chuma ya msichana. Ndiyo maana katika shule ya msingi watoto wa kike na wa kiume hukaribiana sana, kisha wakaachana wafikapo sekondari.

Uswidi ndiko tofauti hizi zilikopimwa kwa makini mapema. Per-Olof Åstrand na Irma Ryhming, waliochapisha matokeo yao mwaka 1954, waliwafanyisha kazi vijana wenye afya njema, wa kike na wa kiume, wakapima mapigo pamoja na oksijeni waliyoitumia. Kila mmoja alipokuwa akitumia nusu ya uwezo wake mwenyewe, wastani wa wanaume ulikuwa mapigo 128 na wa wanawake 138. Walipopandishwa hadi asilimia 70 ya uwezo wao, wanaume walifika 154 na wanawake 164. Yafaa msomaji atambue kwamba hapo kila mtu alikuwa anashindana na uwezo wake, wala si na mwenziwe. Watu hao walikuwa wazima na wenye mazoezi. Mapigo kumi ya ziada hayakuwa dalili ya ugonjwa wala ya udhaifu.

Swali linalofuata kila mara ni la kikomo: moyo wa mwanamke unaweza kufika wapi? Vitabu vingi vya michezo hutoa kanuni rahisi ya kutoa umri katika 220, hivi kwamba mwenye miaka 40 hupewa kikomo cha 180. Kanuni hiyo ilienea baada ya makala ya mwaka 1971 ya Samuel Fox na wenzake, nayo ilikuwa makadirio yaliyotokana na kukusanya matokeo ya watu wengine, ambao wengi wao walikuwa wanaume. Mwaka 2010 Martha Gulati na wenzake walitoa kanuni iliyotokana na wanawake 5,437 wa eneo la Chicago waliopimwa wakitembea na kukimbia kwenye mkanda unaozunguka: 206 kutoa asilimia 88 ya umri. Kwa kanuni hii mwanamke wa miaka 40 hupata 171. Hata hivyo wanawake wa Chicago walikuwa na umri wa miaka 35 na kuendelea, kwa hiyo si halali kumpachika msichana wa kidato cha pili hesabu yao. Isitoshe, kanuni zote za namna hii ni za wastani, na watu wengi wazima huwa juu au chini yake kwa mapigo kumi au zaidi. Mwanafunzi anayefikisha mapigo 205 katika mbio kali, naye hajisikii vibaya, hajavunja sheria yoyote ya maumbile.

Mapigo hayo hayaongezeki kwa bahati. Mtu aliyetulia moyo wake umefungwa breki na neva ya vagasi, itokayo kwenye ubongo. Mbio zianzapo breki hiyo hulegezwa, na ndiyo maana mapigo huruka juu ndani ya sekunde chache. Baadaye neva za kuhimiza pamoja na adrenalini huendelea kuyasukuma. Hofu peke yake hufanya kazi hiyo, kwa hiyo mkimbiaji aliyesimama mstarini akisubiri filimbi huwa tayari amepandisha mapigo ishirini au thelathini kabla hajainua mguu. Mazoezi nayo huleta mabadiliko ya upande mwingine. Katika wiki mbili za mwanzo maji ya damu huongezeka, na baada ya miezi moyo wenyewe hupanuka na kusukuma damu nyingi zaidi kwa kila pigo. Kikomo cha juu hakibadiliki sana, lakini mwendo uliokuwa ukigharimu mapigo 170 huweza kugharimu 155, na wakimbiaji hodari wa masafa marefu huwa na mapigo chini ya 50 wakiwa wamepumzika.

Mahali pa kukimbilia pana neno pia. Katika joto na unyevu wa pwani, Dar es Salaam, Tanga au Mombasa, jasho hutiririka bila kukauka, na damu hulazimika kwenda kwa wingi kwenye ngozi ili kuupoza mwili. Damu iliyokwenda ngozini hairudi moyoni upesi, kila pigo hutoa kidogo, na mapigo hujazia upungufu. Mkimbiaji asiyebadili mwendo kabisa anaweza kuona mapigo yakipanda kwa kumi hadi ishirini katika muda wa saa moja. Upungufu wa maji huzidisha hali hiyo. Mashindano ya shule yanayopangwa saa nane mchana hupima uvumilivu wa jua kuliko wepesi wa miguu.

Katika nyanda za juu sababu ni nyingine. Iten, katika Bonde la Ufa nchini Kenya, iko mita 2,400 hivi juu ya usawa wa bahari, ambako kanieneo ya hewa ni kama robo tatu ya ile ya pwani. Mgeni anayefika huko hupata oksijeni kidogo kwa kila pumzi, na kwa mwendo aliouzoea moyo wake hupiga haraka zaidi. Akikaa wiki kadhaa, figo zake hutoa homoni inayouagiza uboho kuongeza chembe nyekundu. Agizo hilo, hata hivyo, halitekelezeki pasipo chuma. Mwanamke anayekwenda milimani akiwa na akiba ndogo ya chuma huenda akarudi na uchovu tu, wakati wenziwe wamerudi na damu.

Kuhusu hedhi yamesemwa mengi kupita ushahidi uliopo. Baada ya yai kupevuka na kutoka, homoni ya projesteroni hupandisha halijoto ya mwili kwa sehemu tatu hadi tano za kumi za nyuzi ya Selsiasi, na mapigo ya mapumziko huongezeka kidogo, yakashuka tena hedhi ianzapo. Wakati wa kukimbia tofauti hiyo ni ndogo, na katika baadhi ya tafiti haikuonekana kabisa. Msichana asiyeumwa hana sababu ya kitabibu ya kuzuiwa kukimbia siku hizo. Anayeumwa na asikilizwe. Ujauzito ni jambo jingine: damu huongezeka kwa asilimia 40 hadi 50, na mapigo ya mapumziko hupanda kwa kumi hadi ishirini, hivyo hesabu alizozizoea mama kabla ya mimba hazimfai tena.

Lakini kati ya yote yanayoyabadili mapigo ya mwanamke mbioni, hakuna linalowahusu zaidi walimu wa Afrika Mashariki kuliko upungufu wa damu. Shirika la Afya Duniani huhesabu kwamba mwanamke asiye mjamzito ana upungufu huo ikiwa hemoglobini yake iko chini ya gramu 12 katika mililita 100. Uchunguzi wa kitaifa wa afya uliofanywa Tanzania mwaka 2015 na 2016 ulikuta kwamba karibu asilimia 45 ya wanawake wenye umri wa miaka 15 hadi 49 walikuwa katika hali hiyo, wengi wao kwa kiwango kidogo au cha kati. Maana yake ni kwamba katika darasa la wasichana arobaini si ajabu kuwakuta kumi na watano au zaidi.

Hesabu ya awali na irudiwe kwa msichana mwenye gramu 9. Lita moja ya damu yake, hata ikijazwa oksijeni kabisa, hubeba mililita 121. Hiyo ni pungufu kwa theluthi moja ukilinganisha na zile 181 za mwenziwe mwenye damu ya kutosha. Misuli yake hujitahidi kufyonza zaidi kutoka katika kila lita, lakini sehemu kubwa ya pengo hilo inazibwa na moyo. Kwa hiyo hufikia kikomo cha mapigo yake mapema, katika mwendo ambao wengine bado wanazungumza. Hapo husimama, akainama na kushika magoti, na mara nyingi hukemewa. Yeye ndiye aliyefanya kazi kubwa kuliko wote uwanjani.

Ushahidi wa jambo hili haukutoka kwa wanariadha. Mwaka 1977 zilichapishwa habari za wanawake 75 wa mashamba ya chai ya Sri Lanka, ambao hemoglobini zao zilikuwa tangu gramu 6 hadi karibu 16. Walipimwa kwenye mkanda unaozunguka, na kadiri damu ilivyopungua ndivyo uwezo wa kufanya kazi ulivyopungua. Wenye damu chache kabisa hawakuweza kuifikia hatua ya juu ya kipimo. Katika uchunguzi mwingine wa miaka hiyo, katika mashamba hayohayo, wachumaji waliopewa chuma walichuma majani zaidi kuliko hapo awali. Hawakuwa wamehimizwa wala kutishwa. Walikuwa wameongezewa damu kwa vidonge vya bei nafuu.

Chuma hupotea kwa njia nyingi. Hedhi ya kawaida huondoa mililita 30 hadi 40 za damu kila mwezi, pamoja na miligramu 15 hivi za chuma. Inayozidi mililita 80 huhesabiwa kuwa nzito. Minyoo ya safura hunyonya bila kungoja mwezi: aina ya Necator, mmoja mmoja, huchukua kama sehemu tatu za mia za mililita kwa siku, na mia moja kati yao huchukua mililita 90 kwa mwezi, kupita hata hedhi nzito. Malaria huvunja chembe nyekundu. Selimundu ni ugonjwa wa kurithi, nao hauponywi kwa chuma. Upande wa chakula, chuma cha mchicha, maharage na nafaka hufyonzwa kwa shida, hasa mlo ukifuatwa na kikombe cha chai ya rangi. Dagaa, nyama na maini hutoa chuma kilicho rahisi zaidi, na chungwa au ndimu kwenye mboga husaidia. Kunywa chai saa moja au mbili baada ya kula ni badiliko lisilogharimu senti.

Mwalimu hawezi kupima hemoglobini uwanjani, wala hesabu ya mapigo haitaji ugonjwa. Anachoweza ni kutambua nani apelekwe kituo cha afya. Saa yenye mshale wa sekunde inatosha. Vidole viwili huwekwa kwenye kifundo cha mkono upande wa dole gumba, au pembeni mwa koo bila kukandamiza. Dole gumba halitumiki kwa sababu lina mpigo wake. Huhesabiwa kwa sekunde 15, kisha huzidishwa kwa 4. Kazi hiyo ianze mara tu mkimbiaji asimamapo, kwa kuwa baada ya dakika moja tu mapigo huwa yameshuka sana. Kukosea pigo moja ni kukosea mapigo manne kwa dakika, kwa hiyo ni vyema kurudia siku nyingine. Saa za kisasa zinazosoma damu kwa mwanga wa kijani hazikosi makosa nazo: zikilegea mkononi, huweza kuhesabu hatua za miguu, ambazo mbioni huwa 160 hadi 180 kwa dakika, na mwenye saa akadhani ni moyo wake.

Jambo la maana ni kumlinganisha mwanafunzi na nafsi yake. Msichana ambaye mwezi Februari alizunguka uwanja mara mbili kwa mapigo 160, na mwezi Juni akafika 180 kwa mwendo uleule, wakati uleule wa siku, ana habari ya kumpa daktari. Ndivyo ilivyo pia kwa aliyepauka ndani ya kope na viganjani, au asikiaye moyo ukienda mbio akipanda ngazi za bweni. Anayezimia katikati ya mbio, anayeumwa kifua, au ambaye mapigo yake yanaruka pasipo mpango, asikimbie tena kabla ya kuchunguzwa. Anayegunduliwa kuwa na upungufu wa chuma, akapewa vidonge na kutibiwa minyoo, kwa kawaida hemoglobini yake huanza kupanda katika wiki chache, lakini vidonge huendelea kwa miezi mitatu hivi ili akiba ijae. Kipimo cha mizunguko miwili kikirudiwa wakati huo, kwa saa ileile na uwanja uleule, tarakimu katika daftari la mwalimu huanza kuteremka.